Meza ya Watu Wawili



Mama mmoja wa pande za Nuu alituandikia barua fupi. Mumewe si mlevi, wala hampigi. Karo ya watoto inalipwa, na Jumapili huenda Misa pamoja. "Lakini," anaandika, "siku ya harusi yetu tulilishana keki mbele ya watu wote, wakapiga makofi na vigelegele. Tangu siku ile, sasa ni miaka 12, hatujala tena ana kwa ana. Yeye husema ameshiba sokoni. Siku akila nyumbani, hula peke yake nje. Mimi hula jikoni na watoto. Je, hili ni jambo la kumwuliza padre, au nitachekwa?"

Hutachekwa, mama. Umeuliza jambo ambalo nyumba nyingi zinalo na hazilitaji. Tunawafundisha vijana kabla ya ndoa juu ya uaminifu, juu ya watoto, juu ya fedha na juu ya wakwe. Ni mara chache tunawauliza: je, mtakuwa mnakula pamoja? Somo letu la leo ni hilo. Tutaanzia mbali kidogo, katika mkahawa mdogo wa Kifaransa, kisha tutarudi Nuu, kwenye sufuria ya muthokoi.

BWANA WETU ALIPENDA MEZA

Tukumbuke kwanza kwamba Bwana wetu Yesu Kristo alifanya mambo mengi makubwa mezani. Ishara yake ya kwanza, asema Mtakatifu Yohane, aliifanya kwenye karamu ya arusi huko Kana ya Galilaya. Sakramenti ya Ekaristi aliiweka akiwa mezani na mitume wake. Baada ya kufufuka, alitembea na wanafunzi wawili kuelekea Emau. Njia nzima walizungumza naye wasimtambue. Walimtambua walipoketi kula, alipoumega mkate (Luka sura ya 24).

Mmoja wa wale wawili aliitwa Kleopa. Wa pili Luka hamtaji jina. Wapo wafafanuzi wa Biblia wanaofikiri kwamba huenda alikuwa mke wake. Hatuwezi kusema kwa hakika, lakini wanandoa wanaweza kujifunza kitu hapa. Watu wawili wanaweza kutembea njia moja kwa muda mrefu, wakiongea juu ya mambo yote yaliyotukia, na bado macho yao yasifunguke mpaka waketi mezani.

Marehemu Baba Mtakatifu Fransisko aliligusa jambo hili katika katekesi yake ya tarehe 11 Novemba 2015. Alionya kwamba familia ambayo karibu haili pamoja kamwe, au inayokaa mezani huku kila mtu akitazama televisheni au simu yake, ni vigumu kuiita familia. Mwaka uliofuata, katika waraka wake juu ya mapendo ndani ya familia, Amoris Laetitia, aliwahimiza wanandoa wapeane muda, wasikilizane kwa subira, kila mmoja amwache mwenzake aseme mpaka amalize.

MKAHAWA MDOGO WA KIFARANSA

Sasa twende mjini. Jijini Nairobi, kwenye barabara ya Koinange, kulikuwa kwa miaka mingi na mkahawa mdogo wa Kifaransa ulioitwa Alan Bobbe's Bistro. Ulifunguliwa mwaka 1962. Haukuwa ukumbi mkubwa wa kelele. Ulikuwa na meza chache, na aliyetaka kula pale aliweka nafasi mapema. Wengi wetu hatukuingia kamwe mahali kama pale, wala si lazima. Lakini tujiulize: kwa nini mume na mke watoke nyumbani, ambako kuna chakula, waende kukaa kwenye meza ndogo yenye mshumaa na kulipa fedha nyingi? Je, wanafuata chakula tu?

Historia ya mikahawa hiyo inatusaidia kujibu. Zamani, mtu aliyekula nje ya nyumba yake katika mji wa Paris aliketi kwenye meza moja ndefu pamoja na watu asiowajua. Mwenye nyumba ndiye aliyepanga saa ya kula, na kila mtu alikula kilichopikwa. Aliyechelewa au aliyekuwa mnyonge aliambulia mabaki. Kisha, katika miaka ya 1760, walitokea wauzaji wa supu nzito ya nyama iliyopikwa kwa ajili ya watu dhaifu. Supu hiyo iliitwa "restaurant", maana yake kitu kinachorudisha nguvu. Baadaye jina la supu likawa jina la nyumba iliyoiuza, na ndilo linalotumika hadi leo kwa mkahawa katika lugha nyingi za ulimwengu.

Angalieni basi, wapendwa. Mkahawa wa Kifaransa haukuanza kwa anasa. Ulianza kwa bakuli la supu ya kumrudishia nguvu mtu aliyechoka. Jambo jipya walilolileta wauzaji wale lilikuwa hili: walimpa mgeni meza yake ndogo, peke yake au pamoja na mwenzake, wakampa orodha ya vyakula na bei, na wakamhudumia kwa saa aliyokuja. Kwa mara ya kwanza watu wawili wangeweza kula mbele ya watu na bado wakawa wao wawili tu.

Hadi leo desturi ya mkahawa kama huo ni kula kwa utaratibu. Chakula hakiletwi chote kwa pamoja. Huanza kitu chepesi, labda supu ya vitunguu. Hufuata samaki au nyama pamoja na mboga. Kisha jibini, kisha kitu kitamu, na mwisho kahawa. Kati ya chakula kimoja na kingine kuna nafasi, na nafasi hiyo ni ya mazungumzo. Huko Ufaransa mhudumu halazimiki kukuharakisha, wala hakuletei bili mpaka umwombe. Kukuletea kabla hujaomba ni kama kukufukuza. Meza ni yako mpaka mtakapoinuka.

Mnamo Novemba 2010, shirika la Umoja wa Mataifa la UNESCO liliuingiza mlo huo wa Wafaransa katika orodha ya urithi wa utamaduni wa binadamu. Mkutano ulioamua hivyo ulifanyika papa hapa kwetu, Nairobi. Hawakuandikisha mapishi ya kitoweo fulani. Waliandikisha desturi ya watu kukutana na kuadhimisha siku zao kubwa, kama vile harusi na kuzaliwa kwa watoto, kwa kuandaa meza nzuri, kwa mazao bora ya mahali pao, na kwa kula bila haraka.

THOME NA JIKO

Wengine watasema: "Hayo ni ya Wazungu. Sisi Wakamba tuna desturi zetu." Ni kweli, na desturi hizo tuziheshimu. Wazee wetu walikuwa na thome, mahali pa wanaume nje ya boma penye moto. Chakula kilipelekwa huko, na akina mama wakala na watoto wadogo nyumbani. Thome haikuwa mahali pa dharau. Vijana walifundishwa hapo mila na adabu, na mgeni alipokewa hapo. Nako jikoni mabinti walifundishwa na mama zao.

Lakini tuwe wakweli. Je, thome ingali ipo? Katika nyumba nyingi moto wake ulizimika zamani. Kilichobaki ni ile tabia tu ya mume kula mbali na mke wake. Siku hizi mwanamume hali mbali ili awafundishe wanawe. Anakula chapati na ndengu katika hoteli ya sokoni, halafu anarudi nyumbani ameshiba na amechoka, hana la kusema. Au yuko Nairobi au Mombasa kikazi. Fedha zinakuja kwa M-Pesa kila mwezi bila kukosa, lakini mwenyewe haonekani. Akija mwisho wa mwezi, nyumba imejaa wageni, na mke yuko jikoni mpaka usiku.

Nanyi akina mama, msijitoe katika lawama. Wapo wanaokula wamesimama kando ya meko kwa sababu wanaona haya kutafuna mbele ya mume. Wapo pia ambao, mume akiketi tu, kabla hajanawa mikono, humsomea orodha: unga umekwisha, mwalimu ameita, mbuzi amepotea, shemeji anataka mkopo. Mwanamume wa namna hiyo akikimbilia hotelini, anakimbia kikao. Hajachukia chakula.

JINSI YA KUANDAA MEZA YA WAWILI

Si lazima mpande gari hadi Nairobi. Kama mmejaliwa, na mnaadhimisha labda miaka 25 ya ndoa, kwenda mjini kula vizuri pamoja si dhambi. Lakini kutumia karo ya mtoto hotelini si mapendo. Meza ya wawili inaweza kuwekwa hapa hapa Nuu. Fuateni hatua hizi.

Kwanza, wekeni siku. Mwenye mkahawa mdogo huwataka wageni wake waweke nafasi mapema. Nanyi wekeni jioni moja kila mwezi, muiandike kwenye kalenda iliyo ukutani. Jambo lisilo na siku maalumu halifanyiki. Anayefanya kazi mbali apange hivi: jioni ya kwanza nyumbani ni ya wazazi na ndugu, ya pili ni ya mke wake.

Pili, walisheni watoto mapema. Hatusemi watoto wafukuzwe mezani. Siku nyingine zote familia nzima ile pamoja, watoto wajifunze sala na adabu. Lakini jioni hiyo moja watoto wale kwanza, walale au wakae na bibi yao. Ni vizuri pia watoto wajue kwamba baba na mama wana meza yao. Mtoto anayewaona wazazi wake wakipendana hulala kwa amani.

Tatu, pambeni mahali penu. Stuli mbili na meza ndogo zinatosha. Tandikeni leso safi iwe kitambaa cha meza. Mke avae nguo yake ya Jumapili, na mume aoge na kubadilisha shati. Taa iwe moja. Simu zizimwe, zikae chumba kingine.

Nne, kuleni kwa utaratibu. Tumieni mazao yetu wenyewe. Anzeni na kikombe cha supu ya kuku au ya mifupa. Kisha muthokoi uliopikwa vizuri kwa kunde au mbaazi, au ngima na mboga za kunde. Kisha embe au papai, na wakati wake ukifika, kijiko cha asali, maana asali ya Ukambani inajulikana nchi nzima. Badala ya divai, maji ya ukwaju yanafaa sana. Kama pombe imewahi kuleta machozi katika nyumba hiyo, isiletwe mezani hata tone. Msilete vyote pamoja. Kati ya kimoja na kingine kaeni.

Tano, mume ahudumie. Tumezoea mke au mtoto ndiye anayeleta maji ya kunawa. Jioni hiyo mume ashike birika, ammiminie mke wake maji mikononi, na yeye ndiye apakue. Asiseme kwamba anajishusha. Bwana wetu, ambaye ni mkuu kuliko sisi sote, aliinuka mezani akawaosha mitume miguu. Mke anayepakua kila siku ya mwaka atakumbuka usiku aliopakuliwa.

Sita, chungeni mazungumzo. Kwa jioni hiyo karo, madeni na mambo ya wakwe yawekwe kando. Yana siku yake. Ulizaneni maswali kama haya: Mwezi huu ni lini ulifurahi? Ni lini ulijisikia mpweke? Kuna jambo lolote nililokufanyia ambalo sijakushukuru, au sijakuomba msamaha? Mmoja akisema, mwingine asikilize. Na kama hamna la kusema, kaeni kimya pamoja. Kimya cha mezani si sawa na kimya cha kununiana.

Saba, msidaiane bili. Tunasema hili kwa heshima, lakini tunalisema. Mume asiandae chakula kizuri halafu aone amenunua haki ya unyumba usiku huo. Wala mke asiandae chakula ili kesho aombe nguo. Tumeona kwamba mhudumu mwema haleti bili mpaka aombwe. Mezani pa wanandoa bili haipo kabisa. Mkikaribiana baada ya hapo, iwe ni kwa furaha ya wote wawili, kama zawadi mnayopeana.

NA KAMA HAKUNA CHAKULA?

Tunajua tunaandika kwa watu wa nchi kavu. Tangu mwisho wa mwaka 2020 hadi 2022 mvua zilishindwa misimu mitano mfululizo, na wengi wenu mliona ng'ombe wakianguka na ndengu zikikauka shambani. Mtu aliyechota maji kwenye mchanga wa mto tangu alfajiri hawezi kuambiwa habari za jibini.

Lakini kumbukeni ile supu ya Paris. Jina zuri la mkahawa lilitoka kwenye bakuli moja la kumrudishia nguvu aliyechoka. Kama kuna uji tu, basi vikombe viwili vya uji, na ninyi wawili mmeketi. Katika njaa ndipo mume na mke wanapohitajiana zaidi, na ndipo wanapokimbiana zaidi, kila mmoja akificha aibu yake. Msile mkifichana, wala msilale njaa mkifichana.

BARUA YA PILI

Kabla ya kuandika ukurasa huu tulimjibu yule mama, tukampa ushauri huu. Ametuandikia tena, na ametupa ruhusa ya kuwaeleza bila kumtaja jina.

Jioni ya kwanza, anasema, ilikuwa ya aibu. Mume alikula kwa dakika tano akasimama, hakujua aende wapi. Jioni ya pili walizungumza juu ya mbuzi tu. Jioni ya tatu alimwuliza bila hasira: "Baba watoto, kwa nini hupendi chakula changu?"

Mume alinyamaza kwa muda mrefu. Kisha akamwambia kwamba mwaka wa kwanza wa ndoa yao, mvua ilipokatika, aliingia jikoni jioni moja akachungulia sufuria. Akaona chakula kilichomo hakimtoshi mke aliyekuwa mjamzito, sembuse watu wawili. Akasema ameshiba sokoni. Hakuwa ameshiba. Alikuwa amekunywa chai ya rangi. Alisema hivyo kesho yake na kesho kutwa, mpaka ikawa desturi. Mvua iliporudi na chakula kikapatikana, hakujua tena jinsi ya kurudi mezani, na mkewe hakumwita.

"Miaka 12," anaandika mama huyo, "nilidhani ananidharau, kumbe alikuwa ananiachia. Naye alidhani mimi sijali kama amekula au hajala. Tulilia wote wawili, halafu nikampakulia tena."

Wapendwa, mume huyu alimpenda mke wake kweli, lakini upendo wake ulifichwa mahali ambapo mke hakuweza kuuona. Ni nyumba ngapi ziko hivyo? Kila mmoja anajinyima kwa ajili ya mwenzake, na kila mmoja anajiona amesahauliwa. Hakuna mtu wa nje angeweza kuwaambia siri ile, hata padre, hata wasimamizi wao wa ndoa. Ilihitaji watu wawili, meza ndogo, na jioni tatu.

MASWALI YA KUJADILI NYUMBANI

1. Mara ya mwisho tulipokula sisi wawili tu, tukitazamana, ilikuwa lini?

2. Ni kitu gani kinachotutenga wakati wa kula: kazi, simu, wageni, desturi, au jambo ambalo hatujasameheana?

3. Je, kuna jambo ninalojinyima kwa ajili yako ambalo sijawahi kukuambia?

4. Mwezi huu meza yetu itakuwa siku gani? Nani atapika, na nani atamimina maji?

Katika jumuiya yenu ndogo ya Kikristo mnaweza kujadili maswali ya pili na ya nne. La kwanza na la tatu libaki baina yenu wawili.

SALA KABLA YA KULA

Ee Bwana Yesu, uliyeketi na watu wawili huko Emau, keti nasi pia. Bariki chakula hiki, kiwe kingi au kidogo. Fungua macho yetu tuonane kama siku ile tulipoweka agano mbele ya altare yako. Utufundishe kuhudumiana bila kudaiana, na kusikilizana bila haraka. Wakumbuke walio mbali na wenzi wao usiku huu, na wajane wanaokula peke yao. Amina.